Majiko Mawili

Kambi ya Ngano,
Basotu, Hanang.
2 Juni 1985

Kwako mke wangu Letisia,

Shikamoo imfikie mama kwanza, kwa maana najua barua hii unaisoma kwa sauti na yeye amekaa kwenye kigoda chake karibu na mlango, anakuangalia mdomo. Shikamoo mama. Mimi mzima, nakula vizuri, kikohozi kimepona.

Sasa wewe. Nilipoondoka mama alisema bado wiki mbili. Leo ni wiki ya tatu na mimi huku sina habari yoyote, nakaa tu nikihesabu siku kwenye vidole. Umeshajifungua au bado unabishana na huyo mtoto atoke lini? Nakujua kwa ubishi.

Mavuno yameanza Jumatatu. Mwaka huu nimepewa kombaini niendeshe mwenyewe. Ile kazi ya kushona magunia wamepewa wengine. Naanza mstari asubuhi upande wa ziwa, mpaka nigeuze ni saa nne. Katikati hakuna mti, hakuna mtu, ni ngano tu na vumbi lake linalowasha shingo. Nazungumza na wewe humo ndani ya mashine. Kwa kelele zile hakuna anayenisikia, kwa hiyo nakutania ninavyotaka.

Chakula tunakula sahani moja watu wanne, wote wa kwetu Mbulu: mimi, Sulle wa hapo Tlawi, na wawili wa Bashay. Sulle ukichelewa kunawa mikono umekosa mboga.

Ruhusa kwa madereva hakuna mpaka ngano yote iingie ghalani, labda mwisho wa Septemba. Kwa hiyo andikeni upesi. Akiwa wa kiume aitwe Tluway, jina la marehemu baba. Akiwa wa kike chagua wewe, ila asirithi mdomo wako. Mama naye asicheke, najua anacheka.

Mumeo,
Basili


Tlawi,
Mbulu.
16 Juni 1985

Mwanangu Basili,

Barua yako imefika Jumatano. Imesomwa.

Mimi sijambo. Mahindi yanakauka vizuri. Maharage ya bondeni yamepigwa na baridi, ya juu yamepona. Yule ng'ombe wa rangi ya majivu amezaa ndama jike. Paa la banda la ndama lilikuwa linavuja, nimeliziba.

Watu wa nyumbani wote wazima.

Usiombe ruhusa. Mtu aliyepewa mashine mwaka huu akiiacha, mwakani atapewa mwingine. Maliza kazi, kula na wenzako, usiwe na haraka ya kuja.

Ni mimi mama yako,
Fransiska

Aliyeandika: Letisia


Tlawi,
17 Juni 1985

Dada Angela,

Shikamoo. Nakuandikia wewe ukweli kwa sababu jana nimeandika uongo, ukurasa mzima, kwa mwandiko huu huu ulionifundisha mwenyewe kabla hujahamishiwa shule ya huko Bashay.

Nilijifungua tarehe tano. Wa kiume. Ameishi siku tatu. Asubuhi ya siku ya tatu alikataa kunyonya, Nikolausi katekista akaitwa, akambatiza jina la Isidori kwa maji ya kwenye bakuli langu la uji. Mchana hatukuwa naye. Barua ya Basili yenye jina la Tluway ilifika siku nne baada ya kumzika, na mimi ndiye niliyeisoma kwa sauti, mpaka pale pa "Mama naye asicheke".

Metimani unaijua, hata kama wewe na shemeji mnaiita mambo ya zamani. Nyumba iliyopotewa na mtoto mchanga inakaa kando. Haiombi moto kwa watu na hakuna anayeomba moto kwake. Haigusi mtungi wa watu, haisogelei ng'ombe, hainywi maziwa ya zizi, maana ng'ombe watakufa. Zamani ilikuwa miezi na miezi. Sasa hakuna anayejua ni muda gani, kwa sababu hakuna anayekubali kwamba bado ipo.

Mama hajalitaja neno hilo hata mara moja. Jumapili amepokea komunio kama kawaida. Alichofanya ni hiki: siku ya pili baada ya maziko alibeba mafiga yake matatu, moja moja, akayapeleka kwenye banda la ndama, akawasha jiko lake huko na kuhamia huko. Hakunieleza. Nilikuwa nimekaa kitandani namwona akipita mlangoni, jiwe la kwanza, jiwe la pili, jiwe la tatu. Mimi nimebaki na jiko la nyumba kubwa na nyumba kubwa yote, nafagia mahali ambapo hakuna aliyepakanyaga.

Tunaongea siku ya barua tu. Anakuja na kigoda, anakaa nje ya kizingiti, mimi niko ndani na kalamu. Anasema Kiiraqw, naandika Kiswahili cha shule. Jana aliposema, "Andika, watu wa nyumbani wote wazima," niliinua kalamu nikamtazama. Akarudia polepole, kama kwa mtu asiyesikia. Nikaandika. Karatasi naiweka kwenye jiwe, yeye anaichukua kwa pindo la kanga. Mikono yangu haifai kushika kata yake ya maji lakini inafaa kumwandikia barua.

Sababu aliisema mara moja, akiwa ameangalia zizini. Basili anakula sahani moja na watu wa kwetu. Akijua, itabidi awaambie. Akiwaambia, watamweka kando, hakuna atakayepanda naye mashine, na kazi ataiacha. Asipojua hana kosa. Kwa hiyo mume wangu aendelee kuwa baba mpaka ngano iishe.

Hakuna aliyeniuliza mimi. Namtaka hapa, Angela. Namtaka akae tu hapo kwenye kigoda asiseme kitu. Sijui kama nitaweza kukaa katika nyumba hii mpaka Septemba.

Jambo moja tu ndilo jema. Kila asubuhi nakuta kibuyu kidogo cha maziwa nyuma ya nyumba, kwenye ua wa miti ya mnyaa. Nadhani ni Helena jirani, tulipata kipaimara pamoja. Sijamshukuru, nisije nikamwumbua kwa watu. Nakunywa, narudisha kibuyu palepale.

Nikolausi ndiye atakayekuletea hii. Anakwenda kigango cha huko kila wiki. Ndiye mtu pekee anayenipa mkono.

Mdogo wako,
Letisia


Kambi ya Ngano,
Basotu.
30 Juni 1985

Letisia, na mama shikamoo,

Barua ya mama nimeisoma mara tatu. Mahindi nimeyaona, maharage nimeyaona, ng'ombe wa majivu na ndama wake nimewaona. Mtoto wangu sijamwona mahali.

Nikajiambia labda mnasubiri ubatizo ndipo mniandikie jina. Au ni wa kike na mama ameona nitanuna. Mama, mimi sichagui. Mama amesema wote wazima, basi nami nimeshika hapo hapo, wote ni wote.

Sulle amepata ruhusa ya wiki mbili, baba yake anaumwa. Nampa blanketi dogo alilete. Dukani Katesh yalikuwepo matatu tu na foleni ilizunguka nyumba. Moja lina tobo, moja limeliwa na panya, mimi nimepata la njano lenye mistari. Wenzangu wamecheka sana, dereva mzima wa kombaini anatembea amekumbatia blanketi la mtoto. Nikawaambia waoe nao wazae.

Letisia, hujaniandikia mwenyewe hata mstari. Barua ni ya mama, wewe umeandika jina lako chini kama karani wa mahakama. Una hasira na mimi kwa sababu sikuwepo? Niambie. Hasira yako naiweza, nimeizoea, ila hii ya kukaa bila neno siiwezi.

Mumeo,
Basili


Tlawi,
14 Julai 1985

Mwanangu Basili,

Sulle amelileta blanketi. Hakuingia, alikuwa na haraka, amelitundika kwenye ua akaita kwa mbali. Ni zito na limefumwa vizuri. Limewekwa darini upande usio na moshi.

Mahindi tumevunja nusu. Ng'ombe wa majivu maziwa yake ya asubuhi yamepungua. Majirani wanauliza, nawaambia ndama wake ananyonya sana.

Watu wa nyumbani wote wazima. Jina utaambiwa ukija.

Kazi hiyo uishike.

Ni mimi mama yako,
Fransiska

Aliyeandika: Letisia

Mstari huu ni wa mwandishi, mama hajausema. Basili, tafadhali usitume kitu kingine.


Tlawi,
21 Julai 1985

Dada Angela,

Shikamoo. Blanketi limekuja. La njano. Mama alisema liwekwe darini, nikaliweka, naye aliporudi bandani kwake nikalishusha. Nimelikunja juu ya mapaja yangu tangu adhuhuri mpaka jua likaingia upande ule wa mlima. Ni dogo sana. Sikujua kama wanatengeneza vitu vidogo hivyo.

Nimechoka. Siwezi kukueleza namna nyingine. Ningekuwa na mama mkwe mgomvi ningejua la kufanya, ningemjibu, tungegombana, majirani wangekuja kutuamua. Huyu hanitukani. Hanikatazi kitu. Nikitoka kwenda kisimani anasubiri nirudi ndipo naye aende, na akienda anapita njia ya juu. Nasikia akiongea na ndama. Ndama anaambiwa mambo mengi, anaulizwa kama amelala vizuri. Mimi nakaa ukutani kusikiliza, kwa sababu ni sauti ya mtu.

Nimefunga kitita. Nguo zangu mbili, rozari, na hilo blanketi. Kiko nyuma ya mlango. Basili akiuliza habari za mtoto mara moja tena, na mimi nikalazimishwa kuandika wote wazima, naondoka, nakuja kwako, na sitarudi. Hata akinifuata. Nitakuwa nimeandika uongo mwingi mno kwa mtu mmoja, sitajua nimtazame vipi.

Maziwa bado yanakuja. Ila juzi nilikutana na Helena kwenye njia ya kisima, akaniona, akageuka akapita katikati ya maharage ya watu. Nikashangaa, mtu anayenilisha kila siku anaogopa kivuli changu. Labda anaogopa kuonekana tu.

Mdogo wako,
Letisia


Kambi ya Ngano,
Basotu.
11 Agosti 1985

Letisia, na mama shikamoo,

Mimi mzima. Ngano imebaki ya upande wa Mlima Hanang tu. Mashine ilikwama siku mbili kwa magugu, tumeikwamua.

Siku hizi nakula peke yangu nyuma ya tangi la dizeli. Nimechoka na kelele za wale. Kuna mfugaji mmoja Mdatoga, Gidamis, analisha ng'ombe kwenye mabua tuliyokwisha kuvuna. Akiniona nimekaa naye anakuja kukaa, anakula na mimi. Kiswahili chake ni kidogo na Kidatoga changu ni kidogo zaidi, kwa hiyo tunatazama ng'ombe.

Mtoto sasa ametimiza miezi miwili. Mke wa mpishi amenieleza kwamba miezi miwili mtoto anaanza kucheka akiona uso anaoujua. Je, ameanza kucheka? Blanketi linamtosha? Mfunike mpaka mabegani, Tlawi mwezi huu ina baridi, na upepo unaingia pale chini ya mlango, nilisema nitapaziba sikupaziba.

Basi. Leo sina mengi.

Mumeo,
Basili


Shule ya Msingi,
Bashay.
18 Agosti 1985

Mdogo wangu Letisia,

Marahaba. Nikolausi amenieleza uliyomwambia. Kwamba ulisoma barua ya Basili kwa sauti, ukafika kwenye "ameanza kucheka", mama akainuka akabeba kigoda chake akaondoka, na mpaka leo hajaja kukwambia ujibu nini.

Njoo. Jumamosi tarehe thelathini na moja Nikolausi anakuja huku na baiskeli, atakubebea kitita. Shemeji yako amekubali, chumba cha magunia tumekitoa magunia. Utakaa unavyotaka na utakula mezani na sisi, maziwa, moto, kata ya maji, kila kitu. Mtu wa kusema na aje aniambie mimi.

Lakini nakuuliza swali la darasani, na usinune. Kalamu ni ya nani? Miezi miwili unanilalamikia mama mkwe asiyesema, na barua zote zilizokwenda kwa mumeo zina mwandiko wako. Mama hajui kusoma. Ungeweza kuandika ukweli siku ya kwanza naye angeuchukua kwa pindo la kanga akaupeleka posta mwenyewe. Hukuandika. Nadhani nawe uliogopa. Labda uliona akiambiwa ndipo itakuwa kweli.

Silaumu. Mimi hapa ningefanya hivyo hivyo, halafu ningemlaumu mama. Fikiria tu kabla hujafunga mlango.

Dada yako,
Angela


Kambi ya Ngano,
Basotu.
23 Agosti 1985

Letisia,

Hii usimsomee mama. Mwambie nimeandika habari za spea.

Najua.

Nimejua tangu Sulle aliporudi kutoka nyumbani mwezi wa saba. Hakusema kitu. Saa ya chakula alinawa mikono, kisha akaleta sahani yake ya bati, akakaa upande mwingine. Akasema tumbo linamsumbua. Kesho yake wale wawili wa Bashay nao matumbo yakawasumbua. Mimi si mtoto, Letisia. Nimezaliwa hapo Tlawi. Nikachukua sahani yangu nikahamia nyuma ya tangi la dizeli, ili waache kuugua.

Mashine bado naendesha. Msimamizi anadhani tumegombania mboga. Msaidizi wangu wamenibadilishia, nimepewa mtu wa Singida ambaye haya mambo hayajui. Kwa hiyo mama alihofia kitu ambacho kimetokea na hakikuua mtu. Nakaa tu kando, kama wewe unavyokaa. Nimekisia kwamba unakaa kando. Nakisia mama amehamia banda la ndama, ndiyo maana aliziba paa.

Sikuandika kwamba najua kwa sababu niliona mmejikaza kwa ajili yangu, nikasema nisiwavunje moyo. Hiyo ndiyo sababu nzuri ya kumwambia padre. Iko nyingine. Nilipokuwa naandika habari za blanketi na habari za kucheka, mtoto alikuwepo. Kwa ukurasa mmoja alikuwepo na mimi nilikuwa baba yake. Nikimaliza kuandika naanza tena kuwa mtu wa nyuma ya tangi. Kwa hiyo niliandika polepole.

Sikufikiria kwamba ni wewe utakayeyasoma yale kwa sauti. Nilikumbuka barua ilipokwisha kuondoka na lori. Nikasimamisha kombaini katikati ya ngano, mtu wa Singida akashuka kutafuta kilichoharibika, na mimi nikakaa juu nikalia mpaka akarudi akasema haoni ubovu.

Nisamehe. Nimekuumiza ili mimi nipate kupumua.

Sijui hata alikuwa wa kiume au wa kike. Sulle sikumwuliza. Niambie jina.

Basili


Tlawi,
25 Agosti 1985

Mwanangu Basili,

Leo sitaanza na mahindi.

Nyumbani si wazima. Mtoto wako alizaliwa tarehe tano mwezi wa sita, akaishi siku tatu. Ni mimi niliyekataza uambiwe. Mke wako aliinua kalamu akanitazama, nami nikamlazimisha. Usimlaumu.

Nina neno ambalo hulijui wewe, wala yeye anayeandika halijui. Mwandishi aandike, asisimame.

Kabla yako nilikuwa na msichana. Hakufikia kupewa jina. Mama mkwe wangu aliniweka kando miezi kumi, kwenye banda hili hili la ndama, wakati huo halikuwa na mlango. Hakuna aliyeniletea hata maji. Baba yako alikuwa mbali kwenye mashamba ya kahawa ya Wazungu, hakujua kuandika na mimi sikujua kusoma, kwa hiyo hakuna aliyemdanganya mwenzake. Nilipotolewa nilikuwa nimesahau namna ya kukaa na watu. Nikiulizwa kitu, najibu moyoni, nadhani nimejibu.

Nilisema, mimi nikipata mkwe, nitafanya vingine. Siku ilipofika nikajikuta nimebeba mafiga. Niliogopa kwa ajili ya ng'ombe, nikaogopa kwa ajili yako, nikaogopa majirani. Lakini banda nilichukua mimi. Nyumba yenye joto nilimwachia yeye. Hilo ndilo nililoweza.

Na maziwa. Mwambie mke wako kwamba yale maziwa ya kwenye mnyaa ni ya ng'ombe wa majivu. Namkamua mapema kabla mkeo hajaamka. Tangu utotoni nimeambiwa kwamba mtu aliyewekwa kando akinywa maziwa ya zizi, ng'ombe atakufa. Kila asubuhi naangalia kwanza kama amesimama, ndipo nakamua. Mpaka leo amesimama.

Mama amenyamaza. Anasema niandike kwamba amenyamaza, usidhani barua imekwisha.

Nimeona kitita nyuma ya mlango. Nilikiona tangu mwezi wa saba. Nikolausi amesema ni Jumamosi hii. Sitamzuia. Mwambie mke wako kwamba akienda kwa dada yake, mtu akiniuliza nitasema amekwenda kwa haki yake. Mwambie kwamba ile siku ya barua yako ya kucheka niliondoka kwa sababu sikutaka anione. Mwambie kwamba namwona kila siku. Mimi sijui namna ya kumwambia. Mwambie wewe, wewe unajua maneno.

Ni mimi mama yako,
Fransiska

Aliyeandika: Letisia, amekaa hatua tatu kutoka kwake


Tlawi,
1 Septemba 1985

Mume wangu Basili,

Kwanza nikujibu ulichouliza. Alikuwa wa kiume. Alikuwa na masikio yako, yale ya kusimama, nilimcheka siku ya kwanza. Siku ya pili alilala sana. Nikolausi alimbatiza Isidori kwa sababu barua yako ya Tluway ilikuwa bado njiani. Amezikwa upande wa juu, karibu na baba yako. Ningepaswa kukuandikia haya mwezi wa sita. Kalamu ilikuwa yangu. Nisamehe na mimi.

Barua ya mama ya Jumapili utakuwa umeipata. Yeye aliichukua kwa pindo la kanga kama siku zote, akaondoka. Hakunitazama. Nilibaki pale ndani nimeshika kalamu. Maneno yote yale nimeyasikia kwa sababu yalikuwa yanakwenda kwako.

Yako ilifika Ijumaa, siku moja kabla ya safari yangu. Umesema nisimsomee mama. Nimemsomea. Nilikwenda mwenyewe mpaka karibu na banda, nikasimama nje, nikaisoma yote kwa sauti, na sahani za bati, na tangi la dizeli, na mtu wa Singida anayetafuta ubovu. Yeye alikuwa ndani, simwoni. Nilipofika kwenye "niambie jina" akajibu, "Isidori." Alijibu kama wewe ndiye uliyesimama pale. Kisha nikarudi nyumbani.

Jana asubuhi Nikolausi alikuwa amekwisha kufika barabarani na baiskeli. Nilikuwa nimebeba kitita, nimeshika mlango nifunge. Mama akatokea upande wa zizi. Ameshika kigae cha mtungi mkononi, kile ambacho watu wanachukulia makaa. Alikuja mpaka kwenye kizingiti. Nikadhani atasimama hapo, akakivuka, akaingia ndani, akasimama katikati ya nyumba yake ambayo hajaikanyaga tangu mwezi wa sita. Alikuwa anapumua kama mtu aliyepanda mlima.

Akaniambia, "Mwanangu, naomba moto."

Ni maneno ya kwanza kuniambia mimi, yasiyo ya barua, tangu tulipomzika mtoto.

Kitita nimekirudisha nyuma ya mlango. Sijakifungua bado, nitakifungua ukija, kwa hiyo njoo ngano ikiisha, usipitie mahali. Nikolausi alisubiri mpaka jua likawa kali, ndipo akaenda kwa Angela peke yake.

Lakini nataka ujue jambo moja, Basili. Moto wake haukuwa umezimika. Alipokuwa amesimama mbele yangu na kile kigae, moshi nilikuwa nauona nyuma ya bega lake, unapanda juu ya banda la ndama. Nilipiga magoti nikamchagulia makaa.

Mkeo,
Letisia